Mombasa, Lamu au papa hapa Kisumu: ziara ipi ya miguu itakufaa?

Chama chetu kina wanachama 14, na kila mwaka Septemba ikiingia tunagombana juu ya jambo lile lile: pesa za safari ya Desemba zitupeleke wapi. Mwaka huu tumegawanyika makundi matatu. Kuna wanaotaka Mombasa, watembezwe Mji wa Kale na mtu anayevijua vichochoro vyake. Kuna wanaosema Mombasa tumeizoea, zamu hii ni Lamu. Halafu kuna mweka hazina wetu, mama ambaye shilingi haimtoki mkononi bila kuagana nayo, anayeuliza kwa nini tulale kwenye basi kwenda kuoneshwa majumba ya watu ilhali mji wetu wenyewe hatujawahi kutembezwa. "Ule mnara wa saa mnaoupita kila siku," alituuliza, "ulijengwa kwa kumbukumbu ya nani?"

Watu 14, hakuna aliyejua.

Mimi nimetembezwa Mombasa mara mbili na Lamu mara moja, na Kisumu ndiko ninakoishi, basi nikatumwa niandike tofauti zake ili tusiendelee kubishana kwa sauti tupu. Nimeona niandike kwa ajili ya yeyote wa upande wetu huu, awe Kisumu, Kakamega, Busia au Nakuru, aliyekwama kwenye njia panda hiyo hiyo.

Vipimo

Nimechukua vipimo vitano. Njia: utafikaje, na utafika ukiwa umebaki na nguvu gani. Miguu: ardhi ikoje, jua likoje, mtu akichoka atakaa wapi. Hadithi: utasikia nini ambacho hukukijua. Mwongozaji: anapatikanaje, na utamtambuaje aliye mzuri. Cha mwisho ni mfuko. Uzuri sikuuweka. Kote kutatu kuna mahali pa kupigia picha, na mwaka mmoja tulishafuata picha nzuri tukajuta.

Neno moja kabla sijaendelea. Nasema mwongozaji kwa makusudi. Wengi wetu huku tumezoea neno la Kiingereza, na likipita kwenye ndimi zetu linatoka "gaidi". Usije ukasimama langoni pa Fort Jesus, ile ngome ya Mombasa, ukamwambia askari kwamba umekuja kutafuta gaidi.

Njia

Kutoka Kisumu hadi Nairobi ni kama kilomita 350, na Nairobi hadi Mombasa ni 480 hivi. Basi la moja kwa moja linaondoka Kisumu alasiri au jioni na kukushusha Mombasa asubuhi ya pili yake. Mtu wa Nakuru anaponea saa nne hivi za kukaa, naye asijisifu, maana zilizobaki bado ni nyingi. Njia nyingine ni kulala Nairobi kisha kupanda Madaraka Express, treni inayofanya kazi tangu 2017. Treni inapumzisha mgongo, lakini stesheni yake iko Miritini, nje ya kisiwa, kwa hiyo bado kuna matatu ya kukuingiza mjini.

Safari yetu ya kwanza tulifanya kosa ambalo naliona kila mwaka kwa wengine. Tulishuka basi saa moja asubuhi, tukanywa chai na mahamri, na saa tatu tulikuwa tumesimama mbele ya mwongozaji tayari kutembezwa. Tulijiona werevu, tumeokoa pesa za kulala. Kufika saa tano, shangazi yangu, ambaye miguu ilikuwa imemvimba kwenye basi hadi kamba za viatu hazifungiki, aliketi kwenye baraza ya nyumba ya mtu kule Ndia Kuu akasema, "Nyinyi nendeni, mtanikuta hapa." Mlango ukafunguka. Bibi mwenye nyumba akachungulia, akamwambia, "Ndoo mama, ndoo." Shangazi akaanza kuangaza huku na huku akitafuta ndoo, akidhani anaombwa asaidie kuchota maji. Kumbe Mombasa ya kale, pale sisi tunaposema "njoo", wenyewe husema "ndoo". Ndiyo maana hata barabara ile inaitwa Ndia Kuu: ni Njia Kuu kwa ulimi wa Kimvita. Aliingia ndani akapewa maji na kiti chenye mto, wakaongea saa nzima. Sisi wengine tulioendelea na jua tulirudi hatukumbuki nusu ya tulichoambiwa. Yeye mpaka leo anaisimulia ile nyumba, dari yake na wajukuu waliokuwamo.

Tangu siku hiyo kipimo changu cha kwanza ni usiku wa kulala. Ukienda Mombasa, hesabu usiku mmoja kitandani kabla ya kutembezwa.

Lamu hesabu mbili. Ukishafika Mombasa una zaidi ya kilomita 300 nyingine, kupitia Malindi na Garsen hadi Mokowe, kisha unavuka kwa boti. Mabasi huondoka Mombasa asubuhi na mapema, na siku hiyo uihesabu imekwisha. Barabara hiyo imewahi kushambuliwa, na kuna vipindi ambapo magari yamekuwa yakipita kwa kusindikizwa na polisi. Kabla ya kukata tiketi uliza hali ya wiki hiyo, usitosheke na habari za mwaka jana. Mwenye uwezo huruka hadi uwanja wa ndege ulioko kisiwa cha Manda, ng'ambo tu ya mji, akavushwa.

Kisumu ni matatu ya asubuhi. Kwa mtu wa Nakuru ni safari ya nusu siku, kwa wa Kakamega ni saa moja na nusu, na jioni yuko kwake.

Miguu

Mji wa Kale wa Mombasa si mkubwa, ni kama hekta 72 tu, na ziara ya kawaida pamoja na ngome inachukua saa mbili hadi tatu. Sehemu kubwa ni tambarare, isipokuwa unapoteremka kuelekea Bandari ya Zamani. Jua litakupata ndani ya ngome yenyewe: uwanja wake uko wazi, na kuta za mawe ya matumbawe zinarudisha joto usoni. Anza huko mapema, mara lango linapofunguliwa, kisha vichochoroni uende jua likishapanda, ambako roshani za mbao zinatoa kivuli. Angalia pia nyuma yako. Tuktuk, pikipiki na mikokoteni vyote vinapita katika njia ile ile unayosimama ukitazama nakshi za mlango. Kwa wazee, baraza ziko karibu kila nyumba, na hakuna anayekufukuza ukisalimia vizuri.

Lamu miguu ndiyo gari. Ndani ya mji hakuna barabara ya magari. Mizigo inabebwa na punda, na vichochoro vingine ni vyembamba kiasi kwamba punda mwenye magunia akija, mmoja wenu lazima aingie kwenye daka la mtu, yaani ukumbi wa mlangoni. Utasikia "Simile! Simile!" kabla hujamwona punda mwenyewe, na hapo huna muda wa kuuliza maana yake: banana na ukuta. Chini kuna mitaro ya maji, kuna ngazi zisizolingana, na harufu ya punda utaizoea siku ya pili. Lakini kivuli! Saa sita mchana mwongozaji wetu alitusimamisha chini ya wikio, kile chumba kinachoruka juu ya njia kuunganisha nyumba mbili, akatuambia kila mmoja aweke kiganja ukutani. Ulikuwa baridi kama mtungi. Mtu wa Kisumu anayejua mabati yanavyofanya saa sita alisimama pale akakataa kuondoka.

Anayetaka kuongeza anaweza kutembea ufuoni hadi Shela, kilomita tatu hivi, ila auulize mji kwanza maji yanajaa saa ngapi.

Kisumu, kusema kweli, haikupangwa kwa mtembezi wa hadithi. Katikati ya mji unaweza kuzunguka kwa miguu, kutoka mnara wa saa kushuka upande wa bandari na stesheni ya reli. Makumbusho yako upande wa barabara ya Nairobi, na Dunga, ule ufuo wa ziwa, ni mbali zaidi, kwa hiyo katikati ya ziara utapanda boda au tuktuk. Kivuli ni haba. Anza saa mbili, pumzika saa sita, na ukiona mawingu yanajikusanya ziwani alasiri usibishane nayo.

Hadithi

Hapa ndipo Mombasa inapojaa hadi kumwagika. Fort Jesus ilianza kujengwa 1593 na Wareno, kwa ramani ya mhandisi Mtaliano, Giovanni Battista Cairati. Ukiitazama kutoka juu ina umbo la mwili wa mtu. Kisa ambacho kila mwongozaji anakingojea ni cha kuzingirwa. Waomani waliizingira kuanzia Machi 1696 hadi Desemba 1698. Njaa na maradhi viliwamaliza walinzi kuliko mizinga, na Waomani walipoingia waliwakuta wachache tu wamebaki. Mwaka 1697 manowari ya Kireno, Santo António de Taná, ilizama chini ya kuta zile zile, na vitu vilivyotolewa na wapiga mbizi kutoka chini ya bahari vimo kwenye makumbusho ya ngome. Waingereza waliigeuza jela tangu 1895 hadi 1958. UNESCO waliiingiza kwenye orodha ya urithi wa dunia mwaka 2011.

Ukitoka ngomeni, usikubali ziara iishie hapo. Msikiti wa Mandhry unatajwa kuwa wa 1570, yaani uliitangulia ngome, na mnara wake hauna mwenzake mjini. Kuna Bandari ya Zamani, ambako majahazi yalikuwa yakiingia kwa upepo wa kaskazi na kuondoka kwa kusi. Kuna nyumba za wafanyabiashara wa Kihindi zenye roshani za nakshi, na soko la Marikiti.

Marikiti linamhusu mtu wa Kisumu kuliko anavyodhani. Jina lake rasmi ni soko la Mackinnon, kwa heshima ya William Mackinnon, mkuu wa kampuni ya Kiingereza iliyotawala sehemu hizi kabla ya serikali yao kuingia. Sasa geuka utazame ziwani kwetu: meli ya William Mackinnon ililetwa kutoka pwani vipande vipande, vingine mabegani mwa wapagazi, ikaunganishwa Kisumu na kushushwa majini mwaka 1900. Reli iliyoanza Mombasa 1896 ikafika Kisumu tarehe 20 Desemba 1901. Jina moja limekaa kwenye ncha zote mbili za reli, na sisi tunanunua viungo upande mmoja na samaki upande wa pili bila kulijua.

Lamu haikupi mataifa yanayopigana. Vita ilikuwa navyo, lakini kinachokufanya usimame ni nyumba. Mji uliingia orodha ya UNESCO mwaka 2001, miaka kumi kabla ya Fort Jesus, kwa sababu bado unakaliwa jinsi ulivyojengwa. Utaoneshwa jinsi daka la mlangoni linavyompokea mgeni bila kumfikisha ndani, jinsi zidaka, vile vishubaka, zinavyopangwa ukutani, na jinsi urefu wa boriti za mikoko ulivyoamua upana wa chumba. Kuna Msikiti wa Pwani wa mwaka 1370. Kuna ngome iliyojengwa kati ya 1813 na 1821, nayo pia ikawa jela, hadi 1984 (sijui kwa nini wakoloni kila walipoona ngome walifikiria kufunga watu). Kuna ofisi ya posta ya Wajerumani iliyofanya kazi 1888 hadi 1891 tu, kichekesho kidogo cha historia ambacho hakichukui dakika kumi. Na kuna Msikiti wa Riyadha, ambao wakati wa Maulidi huvuta wageni kutoka pwani nzima.

Kwa anayependa lugha, Lamu ni darasa. Barabara kuu ya ndani inaitwa Usita wa Mui. "Mui" ni mji. Sisi tuliojifunza Kiswahili shuleni na sokoni tulikaa kimya siku ya kwanza, tukaanza kufuata siku ya pili.

Kisumu je? Tumjibu kwanza mweka hazina: mnara wa saa ulizinduliwa 1938 kwa kumbukumbu ya Kassim Lakha. Nilikwenda kusoma kibao chake baada ya mkutano, nikiwa na aibu. Mji wenyewe uliitwa Port Florence, jina la mke wa Ronald Preston, mhandisi wa reli. Na wanaoshangaa kwa nini reli ya Kenya iliitwa Reli ya Uganda wajue kwamba ilipofika hapa ilikuwa imefika Uganda kweli. Upande huu wetu uliingizwa kwenye himaya ya Afrika Mashariki mwaka 1902. Tazama pia majina ya mitaa: Kaloleni, Shauri Moyo, Bandani. Kaloleni iko pwani na iko Kisumu.

Kuna na hadithi ambazo waongozaji wa pwani hawana. Hospitali tunayoiita Russia ilijengwa kwa msaada wa Warusi. Siku ya ufunguzi wake, 25 Oktoba 1969, Rais Jomo Kenyatta na Jaramogi Oginga Odinga, kiongozi wa upinzani wakati huo, walijibizana hadharani, ghasia zikazuka, na askari wakafyatua risasi na kuua watu. Wazee waliokuwapo wangali hai. Mmoja alinieleza pale nje ya ukuta, na kila gari lililopita alinyamaza hadi lipite. Hayo huyapati kwenye ngome ya karne nne, kwa kuwa aliyeyaona hayupo tena kuyasema.

Usisahau Makumbusho ya Kisumu, yaliyofunguliwa 1980, yenye boma la mfano la Kijaluo, ambako mke wa kwanza, wa pili na wa tatu kila mmoja ana upande wake na sababu yake. Mpeleke mtoto aliyezaliwa mjini, utaona maswali.

Mwongozaji

Mombasa waongozaji wamejaa, na hiyo ndiyo raha na taabu yake. Hujafika langoni mmoja ameshakuita "mama", wa pili amekuita "kaka", wa tatu ameshaanza kusimulia. Ndani ya ngome wapo wanaofanya kazi kwa utaratibu wa makumbusho. Nje wapo wazuri sana na wapo wa kubahatisha. Uliza kitambulisho, mwongozaji halali anacho na hachukii kuulizwa.

Mara yetu ya pili tulimkubali aliyekuwa mcheshi kuliko wote. Ngomeni alitumia dakika 20. Kisha akatuingiza duka la manukato, tukakaa nusu saa tukipuliziwa viganja. Tukatoka akatuingiza duka la vinyago. Kufika Msikiti wa Mandhry alinyoosha kidole tu akisema "ule pale", tukapita. Bei tuliyokubaliana ilikuwa ya watu wote, lakini mwishoni ikawa ya kila mtu. Siwezi kusema alituibia, kwa kuwa hatukuandika wala kurudia maneno. Siku hizi nauliza mambo matatu kabla ya kupiga hatua: bei ni ya kundi au ya kichwa, tiketi za langoni zimo au hazimo, na tutaingia maduka mangapi. Jibu la tatu likiwa refu, natafuta mwingine.

Lamu boti ikigusa gati utapokewa na vijana wanaobeba mizigo, wanaojua gesti zote, na ambao pia, ukiwauliza, ni waongozaji. Wengine ni hodari. Ila usikubaliane na mtu ukiwa na begi kichwani na jua usoni. Lala, amka, muulize mwenye gesti yako amlete anayemwamini. Mji ni mdogo, anayekuharibia anajulikana hadi jioni. Kundi kubwa ligawanyike: watu 14 katika kichochoro cha Lamu ni msafara, wa nyuma hawasikii kitu na wa mbele wamemzibia punda njia.

Kisumu hakuna anayekungoja langoni. Hilo ni pungufu kubwa kwa mgeni, nami sitalificha kwa sababu ya mapenzi ya nyumbani. Kwenye makumbusho utapata wahudumu wa kukuzungusha, na Dunga kuna vijana wanaowatembeza watu kwenye mafunjo na kuwaonesha ndege. Hadithi ya mji wenyewe, ya reli, bandari na mitaa, lazima uiunganishe mwenyewe: mtafute mstaafu wa reli, mwalimu wa historia, mzee wa mtaa. Bandarini huingii bila ruhusa, kwa hiyo kama mnataka kuona mahali ilipo MV Uhuru, meli iliyorejea kazini 2019, andikeni barua mapema. Faida yake ni kwamba mzee huyo hana duka la kukupeleka.

Kote pwani, mavazi ya staha hurahisisha mambo: mabega na magoti yafunikwe, na kwa misikitini uulize kabla ya kukaribia mlango. Usimpige mtu picha bila idhini, hasa akina mama wenye buibui. Ijumaa adhuhuri shughuli husimama. Usipange ziara ipite saa hiyo. Mwezi wa Ramadhani mchana hoteli nyingi zimefungwa, lakini usiku wa Mji wa Kale wakati huo, viazi karai vikitoka mafutani na kahawa chungu ikimiminwa, ni kitu kingine kabisa.

Mfuko

Bei sitataja, maana hubadilika kabla wino haujakauka. Mpangilio haubadiliki: Lamu ni ghali kuliko Mombasa kwa sababu ya njia tu, na Mombasa ni ghali kuliko Kisumu kwa sababu hiyo hiyo. Ukishafika, tofauti si kubwa. Chakula cha Lamu hakiumizi ukila wanakokula wenyeji.

Beba kitambulisho cha taifa, kila mmoja chake. Kwenye makumbusho ya serikali raia analipa kidogo kuliko mgeni, na bila kitambulisho utabishana na mtu asiye na mamlaka ya kukusaidia. Malipo ya langoni siku hizi yanafanywa kwa simu, kwa hiyo mweka hazina asibebe noti peke yake akadhani amejipanga. Mwongozaji naye atengewe bahasha yake tangu Kisumu. Kinachofuja pesa za makundi kama letu ni yule anayelipwa kwa michango ya papo kwa hapo, kila mtu akitafuta chenji.

Nani aende wapi

Kama mna siku nne jumla na hamjawahi kufika pwani, Mombasa inatosha na inazidi. Mna ngome, mji, bahari, na mkitaka kupumzika mna ufuo. Watoto wa shule pia wanafaa huku: mizinga, kuta na jela wanavielewa bila kuelezwa sana. Ila laleni kwanza.

Kama mna wiki nzima na kundi ni dogo, watu wanne au sita wanaovumiliana, Lamu itawalipa. Inawafaa wanaopenda kukaa kuliko kukimbia, wanaopenda lugha, useremala, ujenzi. Fundi wa chama chetu alikaa mbele ya mlango mmoja dakika 40 akichunguza jinsi ulivyoungwa. Haimfai mwenye haraka, wala mzee ambaye magoti hayapendi ngazi, ingawa mwenye magoti mabovu akikubali kuketi Mkunguni mbele ya ngome akanywa kahawa, mji mzima utapita mbele yake. Desemba hadi Machi joto la kaskazi ni kali. Anayeweza kusafiri Julai au Agosti atatembea kwa raha zaidi, kote Mombasa na Lamu.

Kama mna siku moja, au karo za Januari zinawaangalia, au mna wageni kutoka Nairobi wanaodhani Kisumu ni samaki tu, fanyeni ya hapa. Inamfaa pia mtu ambaye amekulia mjini huu na bado anaelekeza watu kwa kusema "pale karibu na supamaketi". Mnara wa saa asubuhi, stesheni, upande wa bandari, mapumziko, makumbusho, kisha Dunga jua likizama na samaki wa mbuta kwenye sahani. Mtafuteni mzee wiki mbili mapema, mtumieni nauli, msimwache nje ya chakula.

Wapo wanaoweza kuchanganya: Kisumu mwezi wa Novemba kama maandalizi, Mombasa Desemba. Mwongozaji wa Mombasa akianza kusimulia habari za Mackinnon, mtakuwa na cha kumjibu, na mwongozaji anayejibiwa huacha kukariri akaanza kuongea.

Na kama kundi lenu lina mtu kama shangazi yangu, msimwache nyumbani kwa kumhurumia. Mpangieni saa mbili za kutembea badala ya nne, na mwambieni mwongozaji tangu mwanzo kwamba katikati ya njia kuna mtu atakayeketi.

Sisi tunapiga kura Jumapili ijayo. Fundi anawashawishi watu upande wa Lamu. Shangazi si mwanachama lakini ameshatuma salamu kwamba akipelekwa Ndia Kuu atabeba sukari na majani ya chai kwa yule bibi. Mweka hazina hajasema kitu, ila nasikia ameulizia boda hadi Dunga ni bei gani kwa watu 14.